Kahawa ya Nyumba ya Chini

Kiwira, njia ya Tukuyu
S.L.P. Mbeya
9 Februari 1955

Kwa mjukuu wangu Tupokigwe, mke wangu mdogo uliyenikimbia ukaenda kukaa Iringa kwa Wahehe,

Ugonile? Sisi huku tumeamka. Mvua inatupiga tangu Krismasi wala haijachoka, migomba miwili nyuma ya nyumba imelala chini. Bibi yako Tusekile anaumwa goti, lakini mdomo haumuumi, anasema nikuandikie kwamba umekonda. Sijui amekuonea wapi. Ng'ombe wangu mwenye doa amezaa ndama jike, mzuri, hata Eliezeri mzee wa kanisa alikuja kumtazama akaondoka amenuna.

Barua hii naandika kwa mkono wangu mwenyewe. Mjomba wako Saulo alitaka kunitafutia karani, nikamwambia mimi nilijua kusoma kabla baba yake karani hajazaliwa. Nilikaa miezi mitatu kwa wamisioni, ikatosha. Wengine walikaa miaka mitatu wakatoka na kaptula tu. Ukiona mistari inapanda mlima, ni meza ina mguu mfupi.

Sasa maneno yenyewe. Nimesikia unatembea na gari la sinema, na kwamba wamekupa mashine ya kupiga picha zinazotembea, wewe mwanamke. Kwanza nikakataa. Halafu nikasema, ah, damu yangu hiyo. Lakini nimesikia pia kwamba unapiga wanawake wanaobeba maji, na wanawake wanaochuma tumbaku ya Wazungu, na wanawake wanaolia barazani. Nani atatoka nyumbani kwake akaangalie mwanamke anabeba maji? Mimi nikitaka kumwona nafungua mlango. Njoo upige mambo makubwa. Mimi nipo. Mimi nilibeba mzigo wa Mjerumani kutoka hapa mpaka Songea bila viatu, na cheti chake ninacho, kimo katika sanduku langu la bati pamoja na karatasi ya ushirika, namba saba. Watu sita tu walinitangulia kupeleka kahawa, na wanne wamekufa. Ni sanduku lile ambalo Saulo aliingia motoni kulitoa mwaka 1947 nyumba yangu ilipoungua. Vitu kama hivyo ndivyo vya sinema.

Mwezi wa nne utatimia mwaka tangu mjomba wako Yotamu atutoke. Mambo ya nyumba ya chini yatatengenezwa. Hayo si ya sinema.

Jibu upesi, nisije nikafa kabla hujanipiga.

Babu yako mwenye mkono wake,
Isakwisa


Iringa
14 Machi 1955

Babu yangu, mume wangu mzee,

Shikamoo, na mwambie Bibi shikamoo yake nitamletea mwenyewe pamoja na dawa ya goti. Mimi mzima. Iringa ni baridi, upepo wa mlimani hapa hauna heshima kwa mtu. Barua yako ilikaa Mbeya wiki tatu, nimeona muhuri. Mistari inapanda kweli, lakini nimeifuata mpaka kileleni.

Ni kweli napiga sinema. Kasian, dereva wetu, Mhehe mmoja mpole, anaendesha gari na kutazama injini ya umeme; mimi nashika kipaza sauti na kuwaeleza watu wanachokiona, maana sinema zetu hazina sauti. Tulianza na zile zinazoletwa: sabuni, choo, mbu. Halafu Bibi mkubwa wa ofisi akanipa kamera ndogo ya kutia ufunguo kama saa, akasema nijaribu. Nikajaribu. Nilitengeneza sinema juu ya hao wachuma tumbaku uliowasikia, wanavyofanya kazi ileile ya wanaume na kupewa nusu. Bibi mkubwa akaitazama, akasema mikono yao inapendeza sana, kisha akatoa mkasi. Ilibaki mikono. Wiki nzima sikuweza kula vizuri, Babu. Ni kama mtu anakusifu kitambaa huku anakukata ulimi.

Nitakuja Juni, kahawa ikiiva, nikupige wewe na cheti chako.

Lakini umeandika neno moja ukakimbia. Nyumba ya chini ni ya Sekela, mjane wa mjomba Yotamu, na watoto wake wawili. Yatatengenezwa namna gani?

Mjukuu wako,
Tupokigwe


Kiwira
2 Mei 1955

Tupokigwe,

Huku wazima. Tulimfanyia Yotamu ibada ya mwaka, watu wakala wakashiba, Eliezeri akasali mpaka wali ukapoa. Goti la Bibi yako bado.

Ukija ulete gari lenyewe, watu walione limesimama kwangu. Nitavaa koti. Nitasimama kwenye kahawa, na jina langu ulitie kwenye picha kwa herufi kubwa, mimi nikiwa hai nilisome. Kahawa yangu ya juu mwaka huu ina ugonjwa wa majani, kwa hiyo tutasimama kwenye kahawa ya chini, ile imejaa. Shamba ni letu lilelile.

Umeniuliza jambo la wakubwa. Sawa, nitakujibu ili usiulize tena. Yule mtu wa nyumba ya chini nimempa maneno kwa kinywa cha Bibi yako. Aingie nyumba ya Saulo, au arudi kwao. Kahawa inabaki na Saulo. Eliezeri anasema kanisa halitaki mke wa pili, nikamwambia kanisa halikuchimba mashimo ya mibuni. Nimempa mpaka mavuno ya mwaka kesho, mimi si mtu mbaya.

Na usiniambie kwamba hajapewa nafasi ya kusema. Wewe umekaa mjini umesahau. Baba mkwe na mke wa mwanawe hawaonani. Miaka kumi na miwili yuko pale, mimi sijaona hata kisigino chake. Nikipita njia ya mtoni nakohoa, yeye anaingia migombani mpaka nipite. Jina lake halitoki mdomoni mwangu wala langu halitoki mwake. Hiyo ndiyo heshima, wala haijaharibu kahawa ya mtu. Akisema na Bibi yako, Bibi yako ananiambia, nami nasikia ninavyotaka.

Saulo ni mtu. Moto uliwaka paa zima, majani makavu, mimi niko barazani Tukuyu, yeye akaingia. Nilirudi nikamkuta amesimama uani na sanduku mikononi. Mtoto aliyeingia motoni kwa ajili ya jina la baba yake nimnyime kahawa nimpe mtu wa kuja?

Babu yako,
Isakwisa


Iringa
22 Julai 1955

Babu mpendwa,

Nashukuru kwa ndizi, kwa maziwa ya mgando, na kwa kuku ambaye Kasian anamsimulia mpaka leo. Tulifika salama, gari lilizima mara moja tu kwenye kilima cha Mbeya.

Filamu yako imepelekwa ng'ambo kwenda kusafishwa, itarudi baada ya miezi mitatu Mungu akipenda. Ulisimama vizuri. Kasian anasema hajapata kuona mtu anayeitazama kamera kama anayeidai.

Umeandika kwamba kanisa halikuchimba mashimo. Nilipokuwa kwako nilitaka kukuambia, ukabadilisha maneno, basi nakuandikia: na wewe hukuyachimba yale. Saulo vilevile. Mjomba Yotamu alikuwa migodini kule Rhodesia miaka yote ile. Sasa mashimo mia mbili na arobaini yalichimbwa na nani?

Tupokigwe


Kiwira
30 Agosti 1955

Tupokigwe,

Ndaga, asante, kwa dawa ya goti. Bibi yako ameipaka, amempa na jirani, imekwisha.

Barua yako nimeisoma mara mbili kuona kama ni wewe. Mjukuu wa kike ananihesabia mashimo! Mimi nilimkabidhi Yotamu ardhi. Shimo bila ardhi ni nini? Ni hewa.

Sasa nauliza mimi. Ulikaa kwangu siku nne. Mimi ulinipiga asubuhi moja, ufunguo ulizunguka mara tatu, nilihesabu. Siku tatu nyingine ulikuwa nyumba ya chini. Nilikuwa kibarazani kwangu nasikia mashine yako inalia trrrr kule migombani kama panzi. Ulikuwa unapiga nini siku tatu? Saulo naye anauliza. Anasema umemkalia macho makavu, hata chakula chake hukukimaliza.

Mimi sina wasiwasi. Nauliza tu.

Isakwisa


Iringa
18 Oktoba 1955

Babu,

Shikamoo. Nilikuwa na homa, sasa nimepona. Mama amenijulisha kwamba mtoto wake wa mwisho ameanza shule.

Filamu imerudi. Umetoka vizuri, hata vifungo vya koti vinahesabika, na jina lako nimelitia kama ulivyotaka. Uliuliza nilikuwa napiga nini. Nilikuwa napiga kahawa.

Bibi mkubwa ameiona. Amesema nionyeshe kahawa safi na kahawa chafu, ili watu wajifunze kuosha, mengine niyakate. Safari hii mkasi ulikuwa mezani kwangu, siyo kwake. Nimesema nitaikata. Sijasema lini.

Tutakuja Jumamosi tarehe 19 Novemba, kwenye ukuta wa ghala la ushirika, jua likishazama. Babu, nakuomba ukae mbele.

Tupokigwe


Kiwira
28 Novemba 1955

Wewe Tupokigwe,

Sikusalimu. Bibi yako anakusalimu, lakini huyo hana haya, alicheka.

Nilikuwa nimekaa mbele kama ulivyotaka, kwenye kiti changu mwenyewe, koti nimevaa, Eliezeri kushoto, Saulo nyuma yangu, watu kama mia tatu wamesongamana mpaka barabarani. Mhehe wako akawasha injini. Shuka mlilotundika ukutani likawaka. Nikajiona. Mkubwa kama ghala. Herufi zikaja, KAHAWA YA MZEE ISAKWISA, nikazisoma kwa sauti kabla yako, watu wakapiga makofi. Pale ungezima. Pale pale! Ningekufa siku hiyo ningekufa vizuri.

Hukuzima. Ikaja mikono inachuma kahawa. Nikamwambia Eliezeri, mikono ya nani hiyo yenye haraka? Mashine yako ikapanda, ikapanda, kama mtu asiyefundishwa adabu, ikafika usoni. Watu wakasema eeeh! Ndipo nikajua. Nikajifunika kofia machoni. Mbele ya kijiji kizima, mke wa mwanangu, uso wake mkubwa kama mlango wa kanisa, ananitazama mimi!

Nikainuka niondoke. Nyuma watu wamebana, njia hakuna, na kivuli changu na kofia yangu vikaingia kwenye shuka, vikamfunika yeye. Vijana wakapiga kelele, "Kaa chini, Mzee! Unatuzibia!" Mimi naambiwa kaa chini! Nikakaa.

Kofia ya kuziba masikio sikuwa nayo. Mdomo wake ukawa unacheza na wewe ukawa unasema maneno yake kwenye kile kipaza sauti. Kwamba mashimo alichimba yeye, mimba tumboni. Kwamba hataki kurithiwa kama jembe. Kwamba baba mkwe wake hamjui uso, anajua kikohozi chake tu, akikisikia anajificha, na miaka kumi na miwili amekuwa akijificha kwenye mibuni aliyoipanda mwenyewe. Kwamba anaomba aachiwe kahawa yake na nyumba yake alee wanawe. Yeye mwenyewe hakuwepo pale, alijua mimi nitakaa mbele. Amebaki kwake amekaa kwa heshima, huku wewe umemtoa nje akasimama mbele yangu!

Wewe umenitega. Uliniambia kahawa.

Ilipokwisha nikamwambia Eliezeri kesi ipo, mtu huyo amejionyesha kwa mkwe wake, atoe ng'ombe. Baba yako naye atoe wa pili kwa ajili yako. Unajua alinijibu nini, mzee mwenzangu niliyekua naye?

"Isakwisa, shuka halina macho. Mwenye macho ni wewe. Kwa desturi yetu anayetoa ng'ombe ni aliyetazama."

Nikamwambia, "Mimi sikutazama. Nilikuwa na kofia."

Akasema, "Basi hakuna kesi, nenda ukalale."

Nimekasirika. Mavuno ya mwaka kesho nimeyafuta. Aondoke kabla ya Pasaka. Na kama anataka watu wamwonee huruma angeficha kwanza lile shavu lake la kushoto, limekunjamana mpaka shingoni kama ngozi ya chura. Mwanamke asiyejua kukaa na moto wa jikoni ataweza kukaa na kahawa?

Usiniandikie mpaka uwe na adabu.

Isakwisa mwenye kuonewa


Iringa
15 Desemba 1955

Babu yangu,

Shikamoo, hata kama huitaki. Naandika, na adabu ninayo. Nakuomba msamaha kwa kukuficha. Ningekuambia, usingekaa mbele. Ungekaa nyumbani ukasikia kwa kinywa cha Bibi, unavyotaka.

Mimi na Kasian tulisubiri mtu aje kutupiga mawe. Badala yake wanawake walilizunguka gari letu, kila mmoja na shimo lake la kahawa la kusimulia. Bibi mkubwa amepata habari. Kamera imefungiwa kabatini na mimi nimerudishwa kwenye sabuni. Kwa hiyo usiseme umeonewa peke yako.

Lakini, Babu, nimeisoma barua yako mara tatu. Ulikuwa na kofia machoni tangu uso ulipotokea. Sasa kovu la shavu la kushoto, linaloshuka mpaka shingoni, umelionaje?

Ile kofia yako naijua. Ina tundu mbele, panya walilitoboa, Bibi alitaka kulishona ukakataa.

Mimi sitamwambia Mzee Eliezeri. Neno moja tu. Umeandika moto wa jikoni. Mimi nilimwuliza Sekela, akasema hayo si ya kusemea kwenye sinema, yatamwaibisha mtu wa nyumba hii. Nikaenda kwa Bibi, Bibi akaniambia. Sitakuandikia. Utasema wanawake wanapenda kusifiana. Muulize Saulo kovu lile ni la moto gani. Muulize peke yenu, mtazame machoni. Kwake huna haja ya kofia.

Tupokigwe


Iringa
20 Februari 1956

Babu,

Miezi miwili kimya. Nimekwenda posta mpaka karani ananiona kwa mbali anatikisa kichwa. Mama anasema uko mzima, unakohoa. Nilicheka, halafu nikalia.

Sekela ameleta habari kwa mtu wa basi kwamba hajaanza kufunga mizigo, lakini amewatuma watoto wapeleke mbuzi kwa kaka yake. Pasaka ni wiki sita. Saa hizi wenzake wanapalilia mibuni, na yeye anapalilia, hajui anampalilia nani. Mimi niko hapa nawaeleza watu wa Iringa jinsi ya kunawa mikono.

Kama umemuuliza Saulo, niambie. Kama hukumuuliza, usiniambie kwamba unampenda kwa sababu ya sanduku.

Tupokigwe


Kiwira
2 Aprili 1956

Kwa mjukuu wangu Tupokigwe,

Ugonile. Jana ilikuwa Pasaka, tulisali, Eliezeri alihubiri kwa kirefu kama kawaida yake. Mvua nzuri. Goti la Bibi yako limepona lenyewe baada ya dawa yako kwisha, andika hilo kwenye sinema yako ya afya.

Sikukuandikia kwa sababu wino uliganda. Na kwa sababu sikupenda.

Nilimuuliza Saulo. Sikumuuliza upesi, usidhani unanituma. Nilikaa Desemba yote, nikakaa Januari. Namwangalia anakula kwangu, namwangalia anapita. Februari mwishoni alikuwa uani anatia mpini jembe. Nikamwambia, Saulo, mwaka ule wa moto, ulipoingia, sanduku lilikuwa upande gani? Swali la kitoto. Sanduku langu lilikaa mahali pamoja miaka ishirini.

Akaendelea kuchonga. Akasema, "Baba, ni zamani."

Nikasema, "Chini ya kitanda au juu ya dari?"

Akasema, "Chini ya kitanda."

Lilikuwa darini, Tupokigwe. Kwenye moshi, ili mchwa wasile cheti. Aliyelitoa alipanda juu wakati paa linawaka.

Nikamtazama kama ulivyosema. Akaweka panga chini. Akasema, "Baba, mimi nililipokea mlangoni. Ulikuja ukanikuta nalo, ukanikumbatia mbele ya watu. Hukuniuliza nani alilitoa ndani."

"Na wewe hukusema?"

"Ulikuwa umeshaanza kunisifu."

Mtoto wangu huyo. Umri wake miaka arobaini.

Nikaenda kwa Bibi yako, nikamwambia kwa hasira, mbona hukuniambia? Alikuwa anachambua maharage, hakuinua hata kichwa. Akasema, "Nilikuambia siku ileile. Nikakuambia mke wa Yotamu ameungua, yuko nyumba ya chini amelala kwenye majani ya mgomba, yeye ndiye aliyepanda. Ukasema wanawake wanapenda kusifiana. Ukaenda kumchinjia Saulo jogoo."

Yule jogoo namkumbuka. Mwekundu.

Miaka minane amepita na shavu lile mtoni, sokoni, kanisani. Watu wote wanaliona, asiyeliona ni mwenye sanduku. Kila nikikohoa anakwenda kulificha. Mimi nimefungua sanduku nikatoa cheti, nikakisoma, kinasema tu kwamba Isakwisa alibeba mzigo. Nimelifunga tena. Sina hamu nacho siku hizi, labda ni macho.

Sasa usianze kusema sinema yako imenishinda. Haikunishinda. Kipindi chako ulikiendesha vibaya, picha ilikuwa inatetemeka, na kile kipaza sauti kinakoroma. Nilichofanya nimefanya kwa desturi, wala si kwa sinema. Nilimwita Eliezeri nikamwambia ile kofia ina tundu. Akasema, "Nilikuwa nimekaa kushoto kwako, Isakwisa. Nilikuona unaizungusha kofia kulitafuta tundu." Mzee huyu nitamzika mimi.

Aliyetazama anatoa ng'ombe. Basi Jumamosi kabla ya Pasaka nilimchukua yule mtamba, mtoto wa ng'ombe wangu mwenye doa niliyekuandikia siku nyingi, nikateremka naye njia ya mtoni mimi mwenyewe. Saulo alitaka kunisaidia kumvuta, nikamwambia wewe umeshanipokelea vya kutosha. Nilipofika kwenye migomba nikakohoa. Nikasikia miguu inaingia ndani, mlango ukajifunga. Nikamfunga mtamba kwenye nguzo ya nyumba. Halafu nikasimama nikauambia ukuta, kwa sauti, jirani wasikie:

"Huyu ni ng'ombe wa nyumba hii. Ng'ombe halali barabarani, analala penye nyumba. Na nyumba haiwi nyumba bila shamba lake. Mwenye mibuni avune mwaka huu, na mwaka kesho, na apeleke ushirika kwa jina lake. Anayetaka kurithi aende akarithi jembe."

Mimi nikasimama kama mjinga. Sikujua mtu akiisha kusema na ukuta anaagaje. Nikageuka niondoke.

Ndani akakohoa.

Mara moja tu, taratibu, kama ninavyokohoa mimi. Nimerudi nyumbani nimepanda kile kilima sikupumzika hata mara moja, na umri huu, waulize.

Saulo amekasirika, hasemi nami, anakula kwake. Watoto wa nyumba ya chini wamerudisha mbuzi. Ushirika wamenisumbua, wanasema hawajawahi kuandika jina la mwanamke kwenye daftari, niwaletee mwanamume wa kusimamia. Nimewaambia mimi ni namba saba, mnanifundisha nini? Wamesema watalifikiria. Kila Alhamisi nakwenda kukaa pale mlangoni mwao na fimbo yangu mpaka wachoke. Wanachoka polepole sana.

Huyo Bibi mkubwa wako mwambie afungue kabati. Mwambie Mzee Isakwisa wa Kiwira anasema hivyo, huenda amenisikia. Kama hataki, uje bila yeye, Mhehe wako alete injini. Watu wanataka kuiona tena ile sinema, na mimi ile sehemu ya mwisho sikuisikia vizuri, vijana walikuwa wanapiga kelele. Nitakaa mbele. Kofia nitaiacha nyumbani kwa Bibi yako alishone tundu, au asilishone, atakavyo.

Ila kuna kosa kwenye picha yako, nalo lirekebishe kabla hujaja. Pale niliposimama na koti, umeandika kwa herufi kubwa kahawa ya Mzee Isakwisa. Ni mimi niliyekuambia, lakini wewe ndiye uliyesoma, ungekataa. Mkasi ukirudi mezani kwako kata jina langu, wala usiogope, mimi watu wananijua. Andika hivi, na herufi ziwe kubwa vilevile, maana nitazisoma mimi kwa sauti mbele ya watu wote:

KAHAWA YA SEKELA.

Babu yako,
Isakwisa